Maswali ya Wasomaji: Seneta Asiyepigiwa Kura

SWALI: Assalaam alaikum, mhariri. Ninasomesha historia sekondari hapa Langoni, Lamu. Wanafunzi wamesikia kuhusu Quintus Aurelius Symmachus, seneta wa Roma wa karne ya 4, na wanamfananisha na seneta wetu wa kaunti: alichaguliwa na nani, kwa muhula gani? Maandishi ya jiwe lake ninayo, lakini orodha ya vyeo inanichanganya.

JIBU: Waalaikum salaam, mwalimu. Waambie kwanza kwamba hakuna raia aliyempigia kura, wala hakuwa na muhula. Mtoto wa seneta alizaliwa na daraja ya clarissimus ("mtukufu sana", daraja ya maseneta), akapita kwenye cheo cha mwanzo, quaestor, na kuingia baraza la seneti, akabaki humo maisha yake. Baba yake, Avianius Symmachus, alikuwa liwali wa jiji la Roma mwaka 364 hadi 365.

Jiwe lenyewe ni tako la sanamu aliyosimamishiwa na mwanawe. Ile Q ya mwanzo ni jina, Quintus. Usiihesabu kuwa ni quaestor. V C, yaani vir clarissimus, ni daraja ya clarissimus, si kazi. Vyeo vinaanza baada ya hapo: quaestor, praetor (cheo kinachofuata quaestor), pontifex maior, liwali wa Lucania na Bruttium (kusini mwa Italia), comes wa daraja la tatu, prokonsuli, yaani liwali, wa Afrika (jimbo la Roma kwenye Tunisia ya leo), liwali wa jiji, konsuli (heshima ya juu kabisa). Wengi hukosea katika viwili. Pontifex maior ni mmoja tu wa makuhani wa dini ya kale, si pontifex maximus aliye mkuu wao. Na comes ni heshima ya kuwa mwandani wa mfalme. Hakupewa jimbo la kutawala kwa cheo hicho.

Jiwe halina miaka, kwa hiyo iandikeni pembeni: Lucania 365, Afrika 373, jiji 384 hadi 385, konsuli 391. Mapengo yataonekana mara moja. Hakuwa amefukuzwa, vyeo vile vilidumu kama mwaka mmoja hivi, na muda mwingine alikuwa mashambani kwake na kwenye barua, ambazo zimebaki kama 900.

Pengo la mwisho ndilo zito, na jiwe limelinyamazia. Symmachus alimsifu kwa hotuba Magnus Maximus, aliyenyakua ufalme. Mfalme Theodosius alipomshinda Maximus mwaka 388, Symmachus, mfuasi wa miungu ya kale, alikimbilia kanisani kuokoa roho yake. Alisamehewa, na miaka mitatu baadaye akafanywa konsuli. Msiliache hilo darasani, maana bila yake ukonsuli wa 391 unaonekana kama zawadi ya kawaida.

SWALI: Na mkewe na wanawe je? Walikuwa matajiri kweli? (Msomaji, Malindi)

JIBU: Mkewe ni Rusticiana, binti wa Orfitus aliyekuwa liwali wa jiji mara mbili. Walipata binti na mwana. Binti aliolewa na Nicomachus Flavianus mdogo, mtoto wa rafiki mkubwa wa Symmachus. Mwana naye akaoa katika nyumba hiyo hiyo mwaka 401. Ndoa hizi zilikuwa na mzigo wake. Flavianus mkubwa alimuunga mkono Eugenius, mnyakuzi mwingine wa ufalme, akajiua waliposhindwa mwaka 394, na mwanawe akadaiwa arudishe mshahara wa baba. Symmachus aliandika barua nyingi kumwombea mkwewe.

Utajiri utauona kwenye michezo ambayo quaestor na praetor walilazimika kuiandalia Roma. Mwana alikuwa mtoto wa miaka kumi hivi alipokuwa quaestor mwaka 393, kwa hiyo baba ndiye aliyeshughulika. Mateka 29 Wasaksoni, watu wa kabila la Kijerumani walioletwa kupigana, walijinyonga kabla ya kuingizwa uwanjani. Katika barua yake Symmachus anawakasirikia badala ya kuwahurumia, na msomaji asilifunike hilo. Kwa michezo ya mwaka 401, mwana alipokuwa praetor, mwanahistoria Olympiodorus anataja ratili 2,000 za dhahabu, zaidi ya kilo 650. Farasi waliagizwa Hispania mapema kwa sababu ya urefu wa njia, na bado wengine walifia njiani. Dubu wa michezo ya 393 walichelewa, wakaja watoto wachache waliokonda. Mamba wa 401 walikataa kula.

Ukitaka kuyasoma mwenyewe, kitabu cha 6 cha barua ni cha binti na mkwe, cha 2 ni cha Flavianus mkubwa, na barua kwa mwana zimo mwanzoni mwa kitabu cha 7.