Mwanangu, kuhusu yule Lord Mountbatten

Marahaba mwanangu. Meseji yako nimeisoma, na swali lako sio la kujibu kwa mistari miwili ndo maana nimekaa chini niandike. Umeniuliza hivi: yule Lord Mountbatten, mjomba wake Prince Philip mume wa Malkia Elizabeth, vitani alikuwa jasiri kweli au alibebwa na ukoo tu? Ukasema nikujibu kama baharia, sio kama baba. Haya.

Alibebwa. Na alikuwa jasiri. Usijilazimishe kuchagua moja, maana wengi wanaomzungumzia ndo wanakwama hapo, huyu anamfanya malaika, yule anamfanya tapeli.

Amezaliwa 1900 huko Windsor, kitukuu wa Malkia Victoria, na siku ya ubatizo malkia alimpakata mwenyewe. Ila usidhani njia yote ilikuwa laini. Baba yake, Prince Louis wa Battenberg, alizaliwa Mjerumani, akaingia jeshi la maji la Uingereza akiwa kijana mdogo akapanda mpaka akawa mkuu wa jeshi lenyewe, afu 1914 vita ikaanza na watu wakamsakama kwa sababu ya damu yake, Oktoba akajiuzulu. Mtoto alikuwa na miaka 14, kadeti kwenye chuo cha wanamaji Osborne, anayaona hayo yote. 1917 familia ikabadilisha jina kutoka Battenberg kuwa Mountbatten. Mimi naamini kidonda kile ndo kilimsukuma maisha yake yote, na 1955 alikalia kiti kilekile alichoondolewa baba yake.

Sasa twende baharini. 1939 anapewa manowari mpya, HMS Kelly, destroya, chombo chepesi chenye mbio sana. Na yeye alikuwa anapenda mbio kupita kiasi. Desemba 1939 ikapigwa na bomu la kutegwa majini, Machi 1940 ikagongana na manowari nyingine ya kwao wenyewe, Mei 1940 kwenye bahari ya Kaskazini boti ya Wajerumani ikaipiga topido katikati, mabaharia 27 wakafa. Hesabu mwenyewe, ni miezi sita tu hiyo.

Lakini hiyo ya Mei ndo nataka uielewe vizuri. Meli imepasuka ubavu, imelala, maji yanalamba deki, na kwa meli iliyo hivo wengi wangeiacha izame. Yeye akaamuru vizito vyote vya juu vitupwe baharini, topido zao, mabomu ya kuwindia nyambizi, mpaka maboti, ili uzito ushuke chini isipinduke. Wengi wakahamishwa kwenye manowari nyingine, akabaki yeye na wachache wa kushika mizinga, wanavutwa na tagi taratibu huku ndege za adui zinawafuata juu. Takriban siku nne mpaka mto Tyne. Mwanangu, mtu aliyewahi kukaa kwenye chombo kilicholala usiku anajua kwamba kubaki pale kwa hiari yako hakufundishwi na ukoo.

Mwaka mmoja baadaye, 23 Mei 1941, karibu na kisiwa cha Krete, ndege za Stuka zikaipata Kelly ikiwa kwenye mwendo mkali inakata kona, ikapinduka huku bado inakwenda. Yeye alibaki kwenye daraja la nahodha mpaka meli ikamfunika, akachomoka chini ya maji, akaogelea akisaidia majeruhi, na Kelly ilipozama akawaongoza waliobaki kuishangilia. Kama nusu ya watu wake walikufa siku ile. HMS Kipling ndo iliwaokota wengine.

Kwa hiyo ujasiri upo, silipingi hilo kwa yeyote. Kubebwa ni kilichofuata. Nahodha wa kawaida mwenye rekodi ile angefanyiwa uchunguzi, angekaa ofisini. Yeye akapewa meli ya kubebea ndege, na kabla hata hajaenda nayo vitani Churchill akamwita London akampa kusimamia mashambulizi ya pamoja ya majeshi. Agosti 1942 likaja shambulio la Dieppe, pwani ya Ufaransa. Walipelekwa Wakanada karibu 5,000, zaidi ya 900 wakafa na karibu 2,000 wakatekwa, kwa asubuhi moja. Mpaka uzeeni alisema damu ile ilifundisha namna ya kutua Normandy, Ufaransa, 1944. Mimi sikubali. Ufuo wenye mizinga juu ya miamba unajulikana ni kifo hata kabla ya kumpoteza mtu wa kwanza.

Mwaka uliofuata akiwa na miaka 43 akawa amiri mkuu wa Asia ya Kusini Mashariki, na hapo ndo anaingia babu yako. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, Keya wetu (askari wa King's African Rifles), ilishuka bonde la Kabaw huko Burma 1944 katikati ya masika ya kule, maana Mountbatten alikataa vita isimame kwa ajili ya mvua. Matope, malaria, nyumbu wanazama. Na wengine hata Burma hawakufika, Februari 1944 meli ya Khedive Ismail iliyotoka Mombasa ilizamishwa na nyambizi ya Wajapani, wakafa karibu 1,300, wakiwemo wapiga mizinga wa Afrika Mashariki. Babu yako hakumlaumu kwa kuendelea kwenye mvua, alisema Wajapani walichoka kabla yetu. Hapo haraka yake ilifaa.

India haikufaa. Kule 1947 alipelekwa kuwa mtawala wa mwisho wa Waingereza. Uhuru ulipangwa uwe umekamilika Juni 1948, akausogeza mpaka Agosti 1947, mpaka wa India na Pakistan ukatangazwa siku mbili baada ya uhuru wenyewe, yaani watu wanashangilia hawajui kijiji chao kiko nchi gani. Zaidi ya milioni 10 walihama, waliouawa ni mamia ya maelfu. Chuki hakuileta yeye, ila ule mwendo aliuchagua yeye, na hapo naona nahodha yuleyule wa Kelly.

Alikufa 27 Agosti 1979, IRA, wapiganaji wa Ireland waliopinga utawala wa Uingereza, walilipua boti yake ya uvuvi huko Mullaghmore, Ireland. Walikufa pia mjukuu wake Nicholas wa miaka 14, bibi yake huyo mtoto upande wa baba, na Paul Maxwell wa miaka 15, kijana wa kibarua cha likizo pale kwenye boti. Hao watoto hata mtu amchukie vipi Mountbatten hawakuwa na deni na yeyote.

Nijibu hiyo ya Dieppe, najua utabishana na mimi, na niambie umeisoma wapi. Mama yako anakusalimia.

Baba yako