Dola ilishuka, kostiki ikapanda: jibu langu kwa mdau wa sabuni za mche

Mkuu nimesoma swali lako, na kwa faida ya wanaoingia sasa hivi, jamaa anapika sabuni za mche Mbagala na analalamika kwamba mwishoni mwa 2024 shilingi ilipata nguvu ghafla, dola ikatoka kwenye 2,700 na kitu ikaja mpaka kwenye 2,400, sasa akategemea mfuko wa kilo 25 wa kostiki soda, ile kemikali ya kuivisha mafuta yawe sabuni, ushuke na yeye apumue, badala yake ukagoma na baadaye ukaongezeka. Anauliza kama ni madalali wa Kariakoo wanamchezea, na kama yeye na wenzake wachangishane waagize kontena moja kutoka India wamalizane na hao madalali.

Mimi nauza kemikali za viwandani hapa Dar miaka mingi sasa, nilianza kwa kuchukua mifuko kwa wauzaji wakubwa na kusambaza kwenye viwanda vidogo, baadaye nikaingia kwenye kuagiza. Wateja wangu ni watu wa sabuni, watu wa kuosha chupa, na watu wa elusheni, yaani wanaotoa dhahabu kwenye kaboni, huko Geita na Kahama, so hii kitu naijua kwa pande kadhaa na nitaandika kwa kirefu maana naona watu wengi humu wanaumia kwa kutojua bei hii inatokea wapi.

Kwanza madalali. Wapo wanaobana mzigo, sikatai, ila dalali hana ubavu wa kupandisha bei nchi nzima kwa miezi. Ukiona kostiki imepanda Dar, Mombasa na Kampala kwa wakati mmoja ujue kuna kitu kimetokea mbali, na mara nyingi kitu chenyewe kinaitwa klorini.

Iko hivi. Kostiki inatengenezwa kwa kupitisha umeme kwenye maji ya chumvi, chumvi hii hii ya kawaida, na ukipitisha umeme vinatoka vitu vitatu, kostiki, hidrojeni na gesi ya klorini. Ukitengeneza tani moja ya klorini unapata kostiki tani 1.1 hivi, upende usipende, hamna mtambo unaotoa kimoja bila kingine. Sasa kostiki unaweza kuikausha ukaiweka kwenye mifuko ukaisafirisha dunia nzima, lakini klorini ni gesi ya sumu, hakuna mtu wa kuiweka kwa wingi na kusubiri soko lichangamke, lazima itumike pale pale au jirani, na mlaji wake mkubwa ni plastiki ya PVC, yaani mabomba, fremu za madirisha, ngozi za nyaya za umeme. Kwa hiyo mwenye kiwanda anaangalia klorini yake inaenda wapi kwanza. Ujenzi ukidorora China, PVC hainunuliwi, klorini inakosa pa kwenda, mtambo unapunguza mwendo, na kostiki nayo inapungua hata kama wewe Mbagala unaihitaji kuliko jana. Ujenzi ukichangamka ni kinyume chake, kostiki inamwagika sokoni bei inalegea. Ukilielewa hili peke yake umeshawazidi wauzaji wengi tu niliokutana nao.

Upande wa pili ni nani anashindana na wewe kununua. Watu wanadhani kostiki ni ya sabuni. Sabuni ni mlaji mdogo jamani. Anayekula kwelikweli ni alumina, ile hatua ya katikati ya kugeuza udongo wa boksaiti kuwa aluminiamu, humo kostiki inatumika kwa meli nzima nzima, ukiongeza na karatasi na viwanda vya nguo. Na hapa ndipo jibu la swali lako lilipo. Mwisho wa 2024 alumina ilipanda bei sana duniani, China ilifikia rekodi, wenye mitambo wakawa wanazalisha mpaka mwisho wa uwezo wao na kununua kostiki kwa bei yoyote, na Indonesia nao tangu walipozuia kuuza boksaiti ghafi Juni 2023 wanasukuma mitambo yao wenyewe ya alumina ambayo nayo inataka kostiki. So kipindi kile kile shilingi yetu inapata nguvu, bei ya kostiki kwa dola ilikuwa inapanda huko Asia. Unafuu wa dola ukamezwa. Afu kumbuka mzigo uliokuwa Kariakoo Desemba uliagizwa wakati dola iko juu, na kuna waliokuwa wamehangaika kuipata hiyo dola yenyewe, huwezi kumwambia mtu auze chini ya alichonunulia.

Waliokuwepo 2021 wanakumbuka ilivyokuwa mbaya zaidi. Februari baridi kali ikagandisha Texas, mitambo ikazima, Agosti kimbunga Ida kikapiga Louisiana, na majimbo hayo mawili ndiyo kitovu cha kostiki ya Marekani. Kufika Septemba na Oktoba China wakaanza kubana umeme viwandani, na mtambo wa aina hii unakula zaidi ya yuniti 2,000 za umeme kwa tani moja, wao ndio wa kwanza kuambiwa wapunguze. Bei Asia ikaenda zaidi ya mara mbili ya ilivyokuwa mwaka uliotangulia, na juu yake nauli za makontena zilikuwa zimepaa. 2022 gesi ikawa ghali Ulaya, mitambo yao ikapunguza, nao wakaja kununua Asia tunakonunua sisi. Hakuna dalali wa Kariakoo aliyeyafanya hayo.

Kitu kizuri kwetu ni India. Zamani India ilikuwa inaagiza kostiki nyingi, miaka hii ya karibuni wameongeza mitambo hasa Gujarat wamegeuka wauzaji, na Gujarat na Dar ni bahari moja, mzigo unapakiwa Mundra au Hazira unakuja moja kwa moja bila kupita Bahari ya Shamu. Ila msidhani vurugu za Bahari ya Shamu za kuanzia mwisho wa 2023 hazikutugusa, meli zilipoanza kuzunguka Afrika nzima kupitia Cape zikawa zinatumia siku nyingi, makontena yakawa adimu na nauli ikapanda hata kwenye njia zisizopita huko. Kostiki ni mzigo wa hatari wa daraja la 8, yaani vitu vinavyounguza, unatozwa nyongeza yake, na meli ikijaa mzigo wa hatari ndio wa kwanza kuachwa bandarini ukisubiri safari inayofuata.

Kuna mdau kaandika kwenye uzi wako kwamba tuna magadi Ziwa Natron na Wakenya wana Ziwa Magadi, kwa nini tusitengeneze kostiki wenyewe. Inawezekana kikemia, unachukua soda ash, yaani magadi yaliyosafishwa, unaichemsha na chokaa unapata kostiki, viwanda vya karatasi vinafanya hivyo kila siku kurudisha kostiki yao, na Ethiopia walijenga kiwanda Ziway kwa njia hiyo hiyo. Shida unapata kostiki nyepesi yenye maji mengi, na kuyakausha hayo maji mpaka ibaki vipande ni nishati nyingi. Ile njia ya umeme na yenyewe inakwama kwenye klorini, tutaipeleka wapi yote hiyo, kusafisha maji ya miji yetu hakuimalizi. Siku tukiwa na kiwanda cha PVC cha maana kanda hii ndipo kostiki ya kwetu itakuwa na hesabu inayosimama, na mimi natamani sana kuiona siku hiyo.

Sasa nije kwenye mfuko wako mkuu, maana hapa ndipo nataka unisikilize vizuri. Mafuta ya mawese kilo moja yanataka kostiki kama gramu 140 kuiva. Kwa hiyo kostiki ikipanda shilingi 1,000 kwa kilo, wewe gharama yako imepanda shilingi 140 kwa kila kilo ya mafuta. Inauma lakini haikuui. Mafuta yakipanda shilingi 1,000 kwa kilo yamepanda yote elfu moja. Ile Aprili 2022 Indonesia walipofunga mauzo ya mawese nje karibu mwezi mzima, watu wa sabuni waliofunga biashara walifungishwa na mafuta. Nguvu unayotumia kugombana na muuzaji wa kostiki kwa shilingi mia tatu ungeipeleka kwenye kununua mafuta vizuri ungekuwa mbali.

Kinachokula faida yako kimya kimya kwenye kostiki ni nguvu yake. Unalipia 98%, unapata ngapi? Hii kitu inavuta unyevu wa hewa, na inavuta hewa ukaa vilevile, inageuka polepole kuwa kabonati, jamii ile ile ya magadi, ambayo kwenye mafuta haikuivishii sabuni. Ukiingia ghalani kabla hujalipa inua mfuko uutikise, vipande vizima vinachakacha ndani kama chips, mfuko uliopigwa na unyevu unakuja mkononi kama jiwe. Angalia mshono wa juu, ukiona ukoko mweupe umetoka kwenye uzi, nailoni ya ndani imetoboka. Angalia paleti za chini, kostiki iliyovuja inaacha ubao umelowa na unateleza hata kama hakujanyesha wiki nzima. Na pima uzito, maana kuna muuzaji mmoja alikuwa anafungua mifuko anapunguza na kushona upya, wateja wangu wawili walipigwa kwake mpaka walipoanza kwenda na mzani.

Ukitaka uhakika zaidi kipimo chake ni rahisi na fundi maabara yeyote wa sekondari anakijua. Gramu moja kutoka katikati ya mfuko, ipime haraka kabla haijavuta unyevu, iyeyushe kwenye maji safi, weka matone mawili ya fenofthalini rangi inakuwa pinki, halafu shusha asidi ya haidrokloriki ya 1N taratibu mpaka pinki ipotee. Kostiki safi kabisa inakula mililita 25, ya 98% inakula 24 na nusu. Ikigota kwenye 22 una kama 88% mkononi, yaani kwenye kila mifuko 10 umelipia mmoja hewa. Na hasara haiishii hapo, sabuni inabaki laini, ina mafuta juu, baada ya wiki inanuka, mpishi anaongeza kostiki kwa kukisia, mfuko unaofuata ukiwa mzima sabuni inaunguza mikono ya akina mama wanaofua. Nimeona mtu akipoteza soko la mtaa mzima hivyo.

Kuhusu kontena, piga hesabu kabla hamjachanga. La futi 20 linabeba kama tani 25, mifuko kama 1,000. Ukipika kilo 500 za mafuta kwa siku unatumia kilo 70 za kostiki, mifuko isiyofika mitatu. Peke yako ungekaa na mzigo huo karibu mwaka mzima, na kwa unyevu wa Dar sikushauri kabisa kukaa na kostiki mwaka. Mkiwa wanne au watano mnaimaliza kwa miezi michache, hapo sawa. Ila mwagizaji lazima awe amesajiliwa kwa Mkemia Mkuu wa Serikali, ghala nalo likaguliwe, kibali cha kuingiza kitoke kabla mzigo haujaondoka India na sio ukishafika, maana kontena likikaa bandarini mnasubiri karatasi, storeji na dimereji, yaani tozo za kuchelewesha mzigo na kontena, zinakula ule unafuu wote mliokuwa mnaukimbilia. Amueni mapema nani jina lake liko kwenye hati na nani anatunza mzigo, vikundi vinavunjikia hapo. Kama hamna mtu mwenye usajili, bora mnunue kwa pamoja mifuko 100 au 200 kwa mwagizaji wa hapa hapa, bei ya jumla mtaipata na kichwa hakitauma.

Muda wa kununua, mimi naangalia bei ya PVC na alumina China, habari zake zinapatikana bure mtandaoni, pamoja na kama mitambo ya Gujarat iko kwenye matengenezo. PVC ikiwa imelala na alumina inapanda kwa pamoja sisubiri, najaza ghala la miezi miwili mitatu. PVC ikichangamka huku alumina imetulia nanunua kidogo kidogo.

Na vijana wako wa kupika, tafadhali, kostiki ndiyo inaingia kwenye maji, kidogo kidogo huku anakoroga, asimwage maji juu ya kostiki hata siku moja inalipuka usoni. Sufuria za alumini marufuku, inazila na kutoa hidrojeni, tumia chuma cha pua au plastiki ngumu. Miwani ya kufunika macho ni bei ndogo sana ukilinganisha na jicho la mtoto wa mtu.

Kama huyo supplier wa India ameshawatumia proforma, yaani ankara ya awali, na cheti cha maabara, ficha jina lake weka hapa tuangalie kwa pamoja, nataka kuona wameandika asilimia ngapi ya kabonati na chumvi, na kama bei ni ya kufikisha Dar au ya kupakia Mundra tu.