Nyumba ya Sh150 milioni kwa mkopo wa miaka 20: utalipa ngapi hasa?

SWALI: Habari za kazi. Mimi na mume wangu tumepata nyumba ya vyumba vitatu Madale, bei Sh150 milioni. Benki inataka tutoe kianzio cha asilimia 20, yaani Sh30 milioni, halafu itukopeshe Sh120 milioni kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, miaka 20. Ofisa mikopo anasema rejesho litakuwa Sh1.76 milioni hivi kwa mwezi, na kwa mishahara yetu miwili tunalimudu. Mume wangu ana wasiwasi na hiyo miaka. Mpaka tumalize, nyumba itakuwa imetugharimu kiasi gani? Na tukipata akiba ya pembeni, tupunguze deni au tujenge frem (chumba cha duka) ya kupangisha hapo mbele? – Msomaji, Tegeta.

JIBU: Dada, mume wako kashika penyewe. Rejesho la mwezi linakuambia kama mshahara utatosha, basi. Gharama ya nyumba haimo humo. Chukua Sh1,760,160 zidisha kwa miezi 240, unapata Sh422.4 milioni. Ondoa Sh120 milioni mlizokopa, riba peke yake ni Sh302.4 milioni. Rudishia kianzio chenu, nyumba ya Sh150 milioni imeshafika Sh452 milioni, na hapo hatujagusa ada, bima wala matengenezo.

Hakuna wizi katika hesabu hiyo, ndivyo mkopo mrefu wenye riba kubwa unavyofanya kazi. Kila mwezi benki inapiga riba juu ya salio la deni: asilimia 17 gawanya kwa 12. Mwezi wa kwanza salio ni Sh120 milioni, kwa hiyo riba ni Sh1,700,000. Mkishalipa Sh1,760,160, kinachobaki kupunguza deni ni Sh60,160 tu. Mwezi wa pili riba inashuka kwa shilingi mia nane na hamsini hivi, na hiyo ndiyo inayoongezwa upande wa kupunguza deni. Mwaka mzima mtakuwa mmelipa Sh21.1 milioni na deni limeshuka kwa Sh781,000. Baada ya miaka mitano mmetoa Sh105.6 milioni, bado mnadaiwa Sh114.4 milioni. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, mnadaiwa Sh101.3 milioni. Nusu ya deni mtaimaliza mwezi wa pili wa mwaka wa 17.

Ndiyo maana watu wengi wanaouza nyumba ya mkopo mwaka wa nne au wa tano hushtuka wakipewa barua ya salio. Wanahisi wamelipia theluthi ya nyumba, kumbe wamelipia riba.

Huna haja ya kuniamini mimi wala ofisa mikopo. Fungua Excel au programu ya majedwali kwenye simu, andika =PMT(17%/12,240,-120000000), rejesho litatokea. Kisha iombeni benki ratiba ya marejesho ya mwezi kwa mwezi kabla ya kusaini, yenye safu ya riba, safu ya deni la msingi (fedha yenyewe mliyokopa) na safu ya salio. Benki ikisita kuitoa, ahirisheni kusaini.

Sasa, miaka. Kwa riba ile ile ya asilimia 17, mkopo wa miaka 15 una rejesho la Sh1,846,800. Yaani mnaongeza Sh86,600 kwa mwezi, na jumla inashuka kutoka Sh422.4 milioni hadi Sh332.4 milioni. Sh90 milioni zimeokoka kwa nyongeza ambayo familia nyingi za Dar hulipa kwa king'amuzi na vocha za intaneti. Mkibana zaidi, miaka 10 ni Sh2,085,600 kwa mwezi, jumla Sh250.3 milioni. Riba ikiwa juu hivi, kurefusha muda hakupunguzi rejesho kwa kiasi cha maana, kwa sababu sehemu kubwa ya rejesho ni riba ambayo haiepukiki. Ukitoka miaka 15 kwenda 20 unapata nafuu ndogo ya mwezi na unailipia miezi 60 ya ziada. Kwa maoni yangu, miaka 20 kwa asilimia 17 inafaa tu kwa mtu ambaye kipato chake cha leo ni kidogo na ana uhakika kitapanda.

Kuna njia ya kati ninayoipenda zaidi: chukueni miaka 20 kwenye karatasi, lipeni kama wa miaka 15. Mkiongeza Sh100,000 kila mwezi tangu rejesho la kwanza, deni linakwisha kwa miaka 14 na miezi saba, na mnaokoa takriban Sh98 milioni. Mmoja wenu akikosa kazi, mnarudi kwenye Sh1.76 milioni bila kuvunja mkataba.

Lakini hapo ndipo mambo huharibika, kwa hiyo someni vifungu vitatu kwa makini. Cha kwanza ni kulipa kabla ya muda: je, kuna tozo, ni asilimia ngapi, na inatozwa kwenye kiasi unachoongeza au kwenye salio lote? Cha pili ni fedha ya ziada inakoingia. Zipo benki ambazo mfumo wao huiweka kama rejesho la mwezi ujao lililotangulia; haipunguzi deni la msingi, na wewe hujaokoa chochote. Kila unapoweka ziada peleka barua au baruapepe isemayo wazi kwamba ni ya kupunguza deni la msingi, kisha omba taarifa ya mkopo uhakikishe salio limeshuka siku hiyo hiyo. Cha tatu: deni likipunguzwa, benki inabaki na rejesho lile lile na kufupisha muda, au inabaki na muda na kushusha rejesho? Takwimu zangu zote ni za kufupisha muda. Mkikubali rejesho lishuke, sehemu kubwa ya faida inapotea.

Kifungu kingine ni cha riba yenyewe. Mikopo mingi ya nyumba inaipa benki haki ya kubadili riba kwa taarifa. Ikipanda kutoka 17 hadi 19 mwanzoni mwa mkopo, rejesho la miaka 20 linakuwa Sh1,944,800, ongezeko la Sh184,600. Baadhi ya wakopaji huomba rejesho libaki pale pale na muda urefushwe. Kwenu haiwezekani. Kwa asilimia 18 tu, riba ya mwezi kwenye Sh120 milioni ni Sh1.8 milioni, kubwa kuliko rejesho lenu la sasa. Mngekuwa mnalipa kila mwezi na deni linakua. Kwa hiyo pimeni bajeti yenu kwa Sh1.95 milioni. Ikitosha hapo, endeleeni.

Jihadharini pia na nafuu. Mkipata dhiki, benki inaweza kuwasimamishia marejesho miezi mitatu. Riba haisimami. Katika mwaka wa kwanza, miezi hiyo mitatu inaongeza deni kwa takriban Sh5.2 milioni, na mlihitaji karibu miaka mitano kupunguza kiasi kama hicho. Wekeni akiba ya marejesho matatu pembeni kabla ya kuchukua mkopo, kama Sh5.3 milioni, iwe kwenye akaunti ambayo mume hana kadi yake na wewe huna kadi yake.

Mtu akiwaletea mkopo wa "asilimia 10 tu" kumalizia kianzio au kuweka madirisha, ulizeni kwanza riba inapigwa kwenye nini. Ikiwa inapigwa kwenye mkopo wote wa mwanzo kwa miaka yote, asilimia 10 kwa miaka mitano ni sawa na kama asilimia 17.3 kwa njia ya salio linalopungua. Msilinganishe namba mbili kabla ya kujua zimepigwa kwa njia moja.

Tuje kwenye fedha za mwanzoni, ambazo hazimo kwenye Sh452 milioni. Kuna ada ya kuandaa mkopo: ikiwa asilimia 1.5, ni Sh1.8 milioni, na kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 18 juu ya ada hiyo inaifikisha Sh2.12 milioni. Kuna mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu, na usajili wa uhamisho na wa rehani kwa Msajili wa Hati. Zote zikifika, tuseme, Sh5 milioni, ni sawa na kupokea Sh115 milioni huku mkilipia Sh120 milioni. Riba yenu halisi imeshapanda hadi karibu asilimia 17.8. Mkilinganisha benki mbili linganisheni hivyo, kwa sababu benki yenye riba ndogo na ada nene inaweza kuwa ghali kuliko jirani yake.

Kodi ya faida ya mauzo kisheria ni ya muuzaji. Hapa Dar wauzaji wengi hutaja bei "safi mkononi" na kumsukumia mnunuzi kila kitu. Iandikwe kwenye mkataba nani analipa nini. Na kama nyumba ni mpya kutoka kwa kampuni ya ujenzi, ulizeni kama bei ina kodi ya ongezeko la thamani ndani yake au la. Asilimia 18 ya Sh150 milioni ni Sh27 milioni, karibu kianzio chenu chote.

Baada ya hapo kuna bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba, ambazo benki huzidai kila mwaka. Bima ya maisha inapaswa kukokotolewa kwenye salio, iwe inashuka. Nanyi kwa kuwa mnatumia mishahara miwili, wote wawili mkatiwe. Mkikata ya mmoja, yule asiyekatiwa akifariki deni linabaki zima. Kodi ya majengo mtailipa kupitia LUKU (umeme wa kulipia kabla), kodi ya pango la ardhi kila mwaka. Kwa matengenezo mimi hutenga asilimia moja ya thamani, yaani Sh1.5 milioni kwa mwaka: rangi, mabati, pampu ya kisima, kunyonya shimo la choo. Nyumba zilizo karibu na bahari, Mbweni au Kigamboni, ongezeni, maana chumvi haina huruma na nondo wala mabati.

Angalieni pia tarehe ya hati. Hati ya miaka 33 iliyotolewa 2005 inaisha 2038; mkopo wa miaka 20 unaivuka, na benki itakataa au itataka ihuishwe kwanza, kwa gharama yenu.

Watu watawaambia msiogope, shilingi inashuka thamani, Sh1.76 milioni ya mwaka wa 20 itakuwa hela ndogo. Kuna ukweli kidogo. Kwa mfumuko wa bei wa asilimia 3 na kidogo, kama uliopo miaka ya karibuni, itakuwa na nguvu ya Sh920,000 hivi za leo. Lakini mnalipa asilimia 17 huku bei zikipanda kwa 3 na kidogo. Pengo la zaidi ya 13 ni gharama halisi, na halifutwi na wakati. Tofauti nyingine ya haki ni kodi ya pango mnayolipa sasa: mkihamia kwenu mnaiokoa, kwa hiyo itoeni kwenye hesabu. Kama mnapanga kwa Sh500,000, gharama ya kweli ya mwezi ni Sh1.26 milioni, halafu mnaongeza bima na matengenezo juu yake.

Kuhusu frem. Tuseme mwisho wa mwaka wa tatu mna Sh15 milioni. Mkiiweka kwenye deni na kufupisha muda, miezi iliyobaki inashuka kutoka 204 hadi 123. Mnaokoa miaka sita na miezi tisa, na riba ya takriban Sh128 milioni. Hiyo ni faida ya asilimia 17 isiyotegemea mpangaji wala msimu. Ili frem iishinde, Sh15 milioni hizo lazima ziingize zaidi ya Sh2.55 milioni safi kwa mwaka, yaani Sh212,500 kwa mwezi baada ya kodi. Kodi ya zuio ya pango ni asilimia 10, kwa hiyo mpangaji alipe angalau Sh236,000, miezi yote 12, bila mwezi mtupu na bila ukarabati. Kwenye barabara kuu ya Madale inawezekana. Kwenye uchochoro wa ndani sioni ikifika, na mkumbuke kwamba nyumba ikiwa rehani, benki itataka kuombwa ridhaa ya maandishi kabla hamjaongeza jengo lolote kwenye kiwanja.