Yaya, kabla ya kuachia wengine jina, pima ile nyama

Yaya, unauliza kama uache watu wa Katuba na Ruashi wafungue kwa jina lako kwa sababu pale Kamalondo, hapa Lubumbashi, mikate yako ya nyama inamalizika mbele ya saa saba. Mimi naona ngoja kidogo. Subway, ile kampuni ya mikate ya nyama, walianza 1965 kule Bridgeport, Marekani, Fred DeLuca alikuwa na miaka 17 na dola 1.000 za Peter Buck, rafiki wa familia, wakajipangia maduka 32 kwa miaka 10, wakafikisha nusu tu, ndo 1974 wakaanza kuachia wengine jina na wao wanakula asilimia 8 ya mauzo, ya mauzo eh, sio ya faida, maana mwenzako akipata hasara wewe bado unakamata na hapo mtagombana.

Kwanza andika: mukate mmoja nyama gramu ngapi, mayonezi vijiko ngapi. Mimi nilimwachia shemeji kibanda cha pili, akakata nyanya nyembamba mpaka unaona kisu upande wa pili, wateja wakasema mimi ndo nimekuwa mchoyo.

Kibanda cha pili fungua mwenyewe, kaa nacho mpaka mvua iishe. Na mkataba uandikwe, hata na ndugu.