Re: Riwaya na filamu, niache kipi?

Mkuu umeuliza kama mwandishi wa riwaya hapo Moshi akiingia kwenye filamu za bajeti ndogo atapoteza wasomaji. Mi naona hapana, ila kamcheki kwanza Ousmane Sembène wa Senegal. Jamaa alikuwa kuli bandarini Marseille, riwaya yake ya kwanza ikatoka 1956, baadae akashtuka kwamba anaandika Kifaransa halafu watu wake kibao hawajui kusoma, basi akaenda Moscow kusomea filamu akikaribia miaka 40 (wewe una 29 unalalamika umechelewa!). 1968 akatoa filamu ya Mandabi, kaitoa kwenye kitabu chake mwenyewe, watu wanaongea Kiwolof kabisa, lugha ya kwao Senegal. Na vitabu hakuacha, Xala ilitoka riwaya 1973, filamu 1975.

Kitakachokusumbua ni kukata. Ile sura yako ya mama anayesubiri basi stendi usiku akiwaza mkopo wa vikoba, kurasa nzima za mawazo, sasa kamera haioni mawazo, itabidi ahesabu noti, azifunge kwenye pindo la khanga, afungue ahesabu tena. Inatosha. Na usianze na stori ya wahusika ishirini, chukua fupi, chumba kimoja, watu wawili, maana usafiri na msosi wa watu wa lokesheni ndo vinamaliza hela. Kibali cha Bodi ya Filamu fuatilia mapema. Skripti ikiwa tayari nitumie, nipo Arusha huku Ngarenaro, wikiendi naipitia.