Kabla hujaweka dole gumba: niliyojifunza ardhi yetu ilipotwaliwa

Siku wathamini, watu wa kukadiria thamani ya mali ili mtu alipwe fidia, walipofika kwetu Mwanza, kando ya ziwa upande wa Ilemela, mimi nilikuwa mjini kwenye shughuli zangu. Nilijua kuna mradi, nilijua mwenyekiti wa mtaa kaitisha mkutano, nikajisemea tutaona mbele ya safari. Mama alibaki peke yake na vijana wawili, mmoja na futi kamba, mwingine na karatasi. Miembe tuliyokuwa nayo ni minane. Wakaandika mitano, kwa sababu mitatu iko nyuma ya choo na hakuna aliyekwenda kuangalia. Vichanja vya kuanikia dagaa, ambavyo ndivyo vilivyonisomesha, havikuandikwa kabisa. Mama akapigwa picha mbele ya nyumba ameshika kibao chenye namba, akaonyeshwa pa kuweka dole gumba, akaweka.

Mengi yaliyotupata baadaye yalianzia kwenye lile dole.

Wanaoniuliza leo, wa Kisesa hadi Sengerema, huanza na: tutaizuiaje serikali? Nami huwauliza wanapinga nini hasa. Sheria ya Utwaaji Ardhi ya mwaka 1967 inampa Rais uwezo wa kutwaa ardhi kwa manufaa ya umma, na ukienda mahakamani kubishana kwamba barabara au bomba la maji si manufaa ya umma, utachoka bure. Penye nguvu ni kwenye utaratibu na fidia. Je, ulipewa notisi? Hesabu ni sahihi? Umelipwa kwa wakati? Ibara ya 24 ya Katiba inakataza mtu kunyang'anywa mali bila fidia inayostahili. Na usitishwe na anayesema huna hati basi huna haki: mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Lohay Akonaay, ilisema haki ya ardhi ya kimila nayo ni mali inayolindwa na Katiba.

Fidia si bei ya nyumba tu. Kanuni za fidia ya ardhi za mwaka 2001 zinataja thamani ya ardhi na maendelezo yake, posho ya usumbufu, usafiri, makazi (kodi ya miezi 36) na faida ya biashara inayopotea, nayo kwa miezi 36. Hapo kwenye biashara ndipo sisi wa mwaloni, kwenye soko la samaki la ufukweni, tunapoumia, maana wanataka hesabu zilizokaguliwa. Nani anakagua hesabu za dagaa? Lakini daftari la mauzo, risiti za ushuru na leseni ni afadhali kuliko maneno matupu. Anza kuviweka leo, hata kama hujasikia mradi wowote.

Sasa kosa letu la pili, lililotugharimu zaidi. Malipo yalipochelewa, baba mdogo alikusanya majirani kumi na mmoja, tukachangishana, tukafungua kesi kwa hasira. Iliondolewa mahakamani bila hata mwembe mmoja kutajwa. Hatukuwa tumetoa notisi ya siku 90 ya kusudio la kuishtaki serikali, na Mwanasheria Mkuu hatukumuunganisha kama mdaiwa kwenye kesi. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, hata ukiishtaki halmashauri lazima umuunganishe, na kesi inakwenda Mahakama Kuu. Hela ya wakili ikayeyuka. Baba mdogo hakuongea na mtu siku nzima, alikaa kwenye mtumbwi akishona nyavu zisizo na tundu.

Na muda haukusubiri. Ukitaka mahakama itengue uamuzi wenyewe, maombi ya kibali cha kufungua shauri hilo yana miezi sita tu. Baadhi ya madai ya fidia ukomo wake ni mwaka mmoja. Kwa hiyo muone wakili mapema, au msaidizi wa kisheria aliyesajiliwa kama mfuko hauruhusu, ukiwa na nakala ya kila karatasi. Nakala, narudia; ofisini tuliambiwa faili letu halionekani.

Kilichotuokoa ni kifungu ambacho hatukukijua. Sheria ya Uthamini ya mwaka 2016 inataka fidia ilipwe ndani ya miezi sita tangu Mthamini Mkuu aidhinishe uthamini. Ikipita hapo kuna riba, na ikifika miaka miwili bila malipo, uthamini unarudiwa. Yetu ilikuwa imepita miaka miwili na ushee. Tulipotoa notisi ya pili, safari hii kwa mpangilio, siku 90 hazijaisha wathamini wakarudi.

Mama aliwapokea na kiti, maji ya kunywa na daftari. Akawatembeza hadi nyuma ya choo, akagonga kila mwembe kwa fimbo akihesabu kwa sauti. Kwenye vichanja alisimama muda mrefu zaidi. Kijana alipomletea fomu, akaniita: "Njoo usome yote, polepole, halafu ndipo niulizwe dole."