Ukitaka kumjua Herman Melville, anza na nyaraka kabla ya wasifu

Mkuu umeuliza: umemaliza Moby-Dick, sasa unataka kitabu kimoja cha wahakiki kitakachokueleza maisha na kazi za Melville, yule mwandishi wa riwaya wa Marekani wa karne ya 19, na umeshauriwa uanze na ule wasifu mkubwa wa Hershel Parker. Mimi nimesoma tahakiki hizi tangu nikiwa chuoni, na baadaye nimesomesha baadhi ya hadithi zake, kwa hiyo naomba nijibu kwa urefu. Parker usimguse kwanza. Ni juzuu mbili, ya 1996 na ya 2002, na kila moja inakaribia kurasa 1,000. Ni kazi kubwa na ya kuheshimiwa, lakini utaithamini ukishajua kwa nini ilibidi iandikwe hivyo.

Melville alifariki New York Septemba 1891 akiwa amesahaulika. Miaka 19 ya utu uzima wake ilipita akiwa mkaguzi wa forodha bandarini. Ilipofika 1919, miaka 100 tangu azaliwe, watu wakaanza kumfufua, na mwaka 1921 Raymond Weaver akatoa wasifu wa kwanza wa Melville wa urefu wa kitabu. Weaver anasomeka vizuri mno. Shida ni kwamba nyaraka zilikuwa chache, kwa hiyo palipokuwa na pengo katika maisha alilijaza kwa riwaya zenyewe. Melville aliandika Redburn, basi utoto wake ndio huo wa Redburn. Aliandika Typee, basi aliishi miongoni mwa wenyeji wa bonde moja la visiwa vya Marquesas, bahari ya Pasifiki, miezi minne, maana kitabu kinasema hivyo.

Mwaka 1939 Charles Roberts Anderson akachapisha utafiti wake juu ya Melville katika bahari za Kusini. Alifuata batli za meli (daftari za safari) na kumbukumbu za wanamaji. Ikaonekana kwamba Melville alitoroka meli ya nyangumi Julai 1842, na Agosti mwaka huohuo alikuwa ameshapanda meli nyingine. Ile miezi minne ni kama mwezi mmoja tu. Mengi aliyoyaeleza kuhusu wenyeji aliyachota kwenye vitabu vya wasafiri waliomtangulia.

Mfano ulionigusa zaidi ni wa White-Jacket, riwaya ya 1850 ya maisha ndani ya manowari. Karibu na mwisho, msimulizi anaanguka kutoka juu kwenye foromali (mti unaobeba tanga) hadi baharini. Lile koti lake jeupe zito linanyonya maji na kumvuta chini, anatoa kisu analichana na kujinasua kutoka ndani yake, na wenzake melini wakiliona linaelea wanadhani ni papa mweupe, wanalichoma kwa vyusa. Ukisoma unasikia baridi ya maji. Waandishi wa wasifu wa awali waliichukua kama jambo lililompata Melville mwenyewe. Anderson akaonyesha kwamba anguko lile limetoka katika kitabu cha baharia mwingine, Nathaniel Ames, cha 1830. Mimi sikuona kwamba Melville amepungua kwa hilo. Nilimheshimu zaidi, kwa sababu unaweza kuviweka vitabu viwili mezani ukaona anachokichukua, na wapi anaanza kuongeza vya kwake. Lile koti, kisu na papa ndipo Melville alipo.

Baada ya hapo William Gilman, mwaka 1951, akaifanyia Redburn jambo hilohilo: Melville alikwenda Liverpool 1839 akiwa kijana wa karibu miaka 20, wakati kitabuni ni mtoto. Na mwaka huohuo Jay Leyda akatoa The Melville Log. Hiki ndicho kitabu ninachokushauri uanze nacho. Ni juzuu mbili zisizo na masimulizi kabisa. Ni tarehe, na chini ya tarehe ni kipande cha barua, batli, stakabadhi, tangazo, au maoni ya gazeti. Leyda alisomea filamu Moscow kwa Eisenstein, mwongozaji maarufu wa filamu wa Kisovieti, na kwa kweli inaonekana: anakata, anapanga, msomaji unaunganisha mwenyewe. Usikisome chote. Chagua mwaka 1851, ule wa Moby-Dick, usome mfululizo. Utaona deni, shamba, familia, na mswada unaoendelea katikati ya vyote.

Kuhusu Billy Budd, hadithi aliyoiacha bila kuchapishwa, nitasema kifupi. Weaver aliupata mswada kwa mjukuu wa Melville na kuuchapisha 1924. Watu wakabishana juu ya maana yake karibu miaka 40, kisha 1962 Harrison Hayford na Merton Sealts wakaupitia ukurasa kwa ukurasa, wakaonyesha kwamba kile kilichochapishwa kama dibaji ni sehemu ambayo Melville alikwisha kuitupa, na hata jina la meli alikuwa amelibadilisha. Ukinunua, hakikisha ni chapa inayofuata kazi yao.

Sasa Benito Cereno, ya 1855, ambayo mimi naipenda kuliko zote. Nahodha Mmarekani, Delano, anapanda meli ya Kihispania iliyobeba watumwa. Waafrika wameshaiteka, ila wanaigiza utumwa mbele yake. Kuna tukio la kunyoa: Babo, anayejifanya mtumishi mwaminifu, anamnyoa nahodha Mhispania. Bendera ya Hispania imefungwa shingoni kama kitambaa cha kinyozi. Wembe unapita kwenye povu, mateka anatetemeka, damu inatoka kidogo. Delano ameketi pale pale, anawaza kwamba watu weusi wameumbwa kuwa watumishi wazuri. Niliposomesha ukurasa huu, mwanafunzi mmoja alisema, “Mwalimu, huyu Delano haoni kwa sababu ameshaamua.” Darasa zima likarudi kusoma upya.

Angalia wahakiki walivyomsoma Babo. Newton Arvin, ambaye kitabu chake cha 1950 kilipata tuzo kubwa ya vitabu Marekani, alimwona zimwi tu. Lakini miaka 13 kabla yake Sterling Brown, mshairi na mhakiki mweusi, alikwisha kuandika kwamba waasi wale hawakuchorwa kama waovu, waliasi kama wanadamu wanavyoasi siku zote. Hadithi ni ileile. Arvin aliketi alipoketi Delano, na kwa maoni yangu hilo ni kosa la kihakiki hasa, kwa sababu hadithi yote imejengwa kumwonyesha msomaji hatari ya kukaa pale.

Ndiyo maana baada ya Leyda ningekupeleka kwa mwandishi C. L. R. James wa Trinidad. Alizuiliwa Ellis Island, kituo cha wahamiaji New York, mwaka 1952 akisubiri kufukuzwa Marekani, na humo kizuizini akaandika kitabu kizima juu ya Melville, kikatoka 1953. Kwake Ahabu, nahodha wa Moby-Dick, ni dikteta wa karne ya 20, na mashujaa ni mabaharia wa kila taifa wanaofanya kazi. Anazidisha mahali, simfuati kila hatua. Ongeza mhadhara wa Toni Morrison, mwandishi mweusi wa Marekani, wa 1988 pale Chuo Kikuu cha Michigan, anaposoma weupe wa yule nyangumi wa Moby-Dick kama suala la rangi ya watu na mamlaka.

Na kabla ya wote hao, fanya kazi hii ya jioni moja: Delano alikuwa mtu wa kweli, na safari zake alizichapisha 1817. Kitabu kinapatikana bure mtandaoni. Fungua sura ya 18, iweke kando ya Benito Cereno, utafute kinyozi na bendera kwenye sura ya Delano. Hutavikuta. Uje hapa utuambie umeona nini kingine ambacho Melville amekiongeza.